Chungu cha Kisi: Kinunue Ukipikie

Watu wengi wa mjini siku hizi wakinunua chungu cha udongo hukipeleka sebuleni. Hukipaka vanishi, hukitia maua ya plastiki, kikakaa pembeni mwa televisheni. Mwongozo huu ni wa mtu anayetaka kukipeleka jikoni, kwa kuwa huko ndiko alikokikusudia aliyekifinyanga, na kwa kuwa ufinyanzi wenyewe unaishi kwa chungu kinachotumika. Pambo hununuliwa mara moja. Chungu cha kupikia huchakaa, huazimwa, humponyoka mtoto, na mwenye nyumba hurudi sokoni kutafuta kingine. Kule kurudi kwake ndiko kunakomwezesha mwanamke wa mwambao wa Ziwa Nyasa kuendelea kuchimba udongo na kumfundisha binti yake.

Nitatumia mfano wa vyungu vya Wakisi kwa sababu ni miongoni mwa vyungu vinavyosifika sana Tanzania. Lakini karibu yote utakayosoma hapa yanafaa pia kwa chungu cha Upareni, cha Nyanza nchini Kenya, au cha mfinyanzi yeyote anayefinyanga kwa mkono na kuchoma kwa moto wa wazi.

Vinakotoka

Milima ya Livingstone inashuka kwa ghafla hadi kwenye maji ya Ziwa Nyasa, upande wa kaskazini-mashariki. Chini yake, mahali ambapo mlima umeacha ukanda mwembamba wa ardhi, ndipo walipo Wakisi: Ikombe katika wilaya ya Kyela, na vijiji vingine kusini zaidi kuelekea Ludewa. Tambarare ya kulima ni ndogo. Palipo na udongo mzuri wa kufinyanga na ziwa lenye samaki, lakini pasipo na mashamba mapana, watu hutafuta chakula kwa kubadilishana. Majirani zao Wanyakyusa wa bonde la Kyela wana mpunga, ndizi na kakao; Wakisi wana vyungu na samaki. Zamani, na si kwa Wakisi peke yao, bei ya chungu mara nyingi ilikuwa nafaka inayokijaza. Mnunuzi alimimina mahindi au mpunga mpaka mdomoni, akachukua chungu, na mfinyanzi akachukua nafaka. Ukubwa wa chombo ndio uliokuwa mizani.

Kufinyanga ni kazi ya wanawake. Wanaume huvua na hupiga kasia, na mitumbwi ndiyo inayobeba vyungu kutoka Ikombe kwenda Matema, kwa kuwa njia ya nchi kavu ni ya kupanda na kushuka kando ya mlima. Binti hujifunza akiwa bado mdogo, kwa kumtazama mama, shangazi au bibi, akipewa kwanza kazi ya kuponda na kuchekecha, kisha vijungu vya kuchezea, kisha chungu cha kuuzwa. Fedha ya chungu huingia mkononi mwa mwanamke mwenyewe. Hiyo ni tofauti kubwa na mazao mengi ya biashara, ambako mke hulima na mume hupokea malipo. Daftari, sare ya shule, dawa, mafuta ya taa: hivyo ndivyo vinavyonunuliwa kwa fedha ya udongo.

Soko kuu la vyungu hivi liko Lyulilo, karibu na Matema, mwendo mfupi wa miguu kandokando ya ufuo, na siku yake ni Jumamosi. Kutoka Mbeya unapita Tukuyu, unateremka kuelekea Kyela, kisha unakata kwenda Ipinda na Matema. Ukiweza kuchagua, nenda kiangazi, kati ya Juni na Oktoba. Kyela ni moja ya sehemu zinazopata mvua nyingi zaidi nchini, na wakati wa masika vyungu havikauki vizuri, kuni huwa mbichi, na moto wa wazi hausimami. Chungu kilichochomwa kwa haraka baina ya mvua mbili mara nyingi hakikuiva.

Jua kilivyotengenezwa

Huwezi kukagua chungu kama hujui kilipitia nini, kwa hiyo nitakaa hapa kidogo.

Udongo wa mfinyanzi huchimbwa mahali maalumu, na wafinyanzi wanapajua kama wavuvi wanavyojua miamba yao. Hukaushwa, huondolewa mizizi na mawe, hulowekwa, hukandwa au kukanyagwa mpaka ulainike sawasawa. Udongo ukiwa mnono mno hunywea sana ukikauka, ukapasuka. Kwa hiyo huchanganywa na kitu kikavu: mchanga, au vigae vya vyungu vilivyovunjika vikapondwa. Punje hizo hufanya kazi mbili. Wakati wa kukauka huacha njia ndogondogo za maji kutokea, na baadaye jikoni huzuia ufa mdogo usisafiri. Ufa unapoanza kwa sababu ya joto hufika kwenye punje au kwenye tundu dogo, ukakwama. Ndiyo sababu chungu kinachokwaruza kidogo kwa ndani hustahimili moto kuliko bakuli laini la kauri kutoka dukani. Wanunuzi wengi hupitisha kidole ndani, wakahisi punje, wakadhani ni kazi mbaya. Kwa chungu cha kupikia, punje ni sifa.

Gurudumu la mguu halitumiki. Donge la udongo hukalishwa juu ya kigae au kisahani, likazungushwa taratibu kwa mkono mmoja huku mwingine ukiinua kuta. Kipande cha kibuyu hulainisha, gunzi la muhindi hukwaruza, na kokoto la mtoni, lililosuguliwa na maji kwa miaka mingi, hung'arisha chungu kikishakauka nusu. Vyungu vya Kisi vinajulikana kwa kuta zake nyembamba. Vichukue mkononi utashangaa wepesi wake. Wembamba huo si wa kuonyesha ufundi tu. Ukuta mwembamba hupitisha joto sawasawa, na tofauti ya joto kati ya nje na ndani inapokuwa ndogo, chungu hakijivuti na kupasuka.

Kisha kukausha. Udongo uwahi ungali maji, wahenga walisema, na kweli kasoro ya umbo hurekebishwa wakati huo tu. Lakini baada ya hapo subira ndiyo kazi. Chungu hukaa kivulini siku kadhaa, si juani, maana mdomo ukikauka kabla ya kitako utavutana nacho.

Kuchoma ndiko kunakoamua. Vyungu hupangwa kwa pamoja, hufunikwa kwa kuni, magome na nyasi, moto ukawashwa. Mwanzo lazima uwe wa polepole, kwani maji yaliyojificha ndani ya ukuta yakichemka kwa ghafla hugeuka mvuke na kuurusha vipande. Joto likipita nyuzi 500 hivi za Selisiasi, maji yaliyofungamana na udongo wenyewe huanza kutoka, na kuanzia hapo udongo haurudi tena kuwa udongo. Hata ukiuloweka mwaka mzima hautalainika. Moto wa wazi kwa kawaida hufika kati ya nyuzi 600 na 900. Mfinyanzi hana kipimajoto. Anatazama rangi ya chungu ndani ya moto, anasikiliza mlio, anajua lini aongeze nyasi na lini aache. Elimu hiyo haiandikwi popote, na bibi mmoja akifariki bila mwanafunzi, sehemu yake hupotea.

Namna ya kuchagua

Ukifika mbele ya mwenye vyungu, salimia kwanza. "Shikamoo, mama. Habari za safari ya majini?" Kisha uliza kabla ya kushika: "Chungu hiki ni cha nini?" Swali hilo ni la lazima, maana vyombo havifanani kazi. Chungu cha mboga kina mdomo mpana ili mwiko ufike chini. Cha kuchemshia kina shingo. Mtungi wa maji una tumbo kubwa na mdomo mwembamba, na kuta zake zimeachwa zivuje jasho. Kikaango kiko bapa. Mama akikuambia hiki ni cha maua, mwamini, usikilazimishe moto. Wapo wanaochoma vyungu vya mapambo kwa moto mdogo kwa sababu wanajua havitainjikwa, na hawakudanganyi. Ni wewe hukuuliza.

Sasa kinyanyue, kikalishe juu ya vidole vya mkono mmoja, ukigonge kwa kifundo cha kidole. Chungu kizima kilichoiva hulia, sauti yake ikakaa hewani kidogo. Chenye ufa au kisichoiva hutoa mlio mfu. Gonga sehemu tatu au nne: karibu na mdomo, tumboni, karibu na kitako. Gonga na cha jirani yake ulinganishe. Kipimo hiki ni bora kuliko macho, maana ufa mwembamba kama unywele hufichwa na vumbi la majivu lakini haufichiki sikioni.

Baada ya sauti, tazama. Madoa meusi nje si kasoro. Hapo kuni ziligusa chungu na hewa ikakosekana. Angalia ndani kama kuna vitone vyeupe. Vikiwa ni chembe za chokaa, vilipochomwa viligeuka chokaa hai, na vikinywa unyevu vitavimba na kubandua ukuta vipande vidogo kama sarafu. Kimoja au viwili vidogo si tatizo, vingi ni tatizo. Chungulia ukiwa umekiinua kuelekea jua: nukta yoyote ya mwanga ni tundu. Mwishoni omba maji kidogo, lowesha kidole, sugua mahali pamoja ndani ya chungu. Kidole kikitoka na vumbi tu, sawa. Kikitoka na tope, chungu hakijaiva, na huwezi kukikomboa nyumbani.

Kitako cha mviringo huwasumbua watu wa mjini kwa kuwa hakisimami mezani. Kina sababu yake. Chungu kisicho na kona hakina mahali ambapo joto hujikusanya na kuvunja, na mafiga matatu hukipokea sawasawa. Figa moja haliinjiki chungu, na wala meza haikukusudiwa kukibeba. Nyumbani kiwekee ngata ya nguo au ya majani ya migomba yaliyokauka, kitatulia.

Kuhusu bei, nasema kwa uwazi: usibishane sana. Katika fungu moja la moto vipo vinavyopasuka, na hasara hiyo ni ya mfinyanzi peke yake. Kuni zinanunuliwa au zinafuatwa mbali. Mtumbwi una nauli, na mawimbi ya Nyasa yakichafuka mzigo hulowa au hugongana. Anayeshusha bei ya chungu mpaka nusu, kisha akalipa mara nyingi zaidi kwa sufuria ya dukani bila neno, hajamtendea haki mama huyu.

Kusafirisha ni jambo fupi. Jaza majani makavu ya migomba ndani ya chungu na katikati ya chungu na chungu, vipange mdomo ukitazama pembeni ndani ya tenga au ndoo, usiviache vigusane. Kwenye basi usikubali vipelekwe buti chini ya mizigo. Kimoja au viwili vitakaa miguuni pako.

Kukizoesha moto

Chungu kipya hakipelekwi moja kwa moja kwenye maharage. Kuta zake zina vitundu visivyohesabika, na supu yako ya kwanza itapotelea humo, ikaoza na kuacha harufu. Lazima vitundu vya ndani vizibwe kwanza kwa wanga.

Kioshe kwa maji matupu, ukisugua kwa makumbi ya nazi au kitambaa kigumu. Usitumie sabuni, sasa wala baadaye, kwa sababu udongo huinywa na kuitema ndani ya chakula. Kiloweke usiku kucha. Utaona viputo vikipanda. Hewa inatoka, maji yanaingia. Asubuhi kipanguse, kiache kivulini mpaka nje kukauke. Kisha kijaze robo tatu kwa maji ya unga, uji mwepesi kabisa wa mahindi, muhogo au mchele, ukakiinjike kwenye moto mdogo sana. Dakika kumi na tano za mwanzo moto uwe wa kuhisiwa tu. Ongeza taratibu mpaka uji uchemke kwa upole, uache hivyo kwa muda wa saa moja. Nje ya chungu pengine patatoka jasho. Usishtuke, wanga unafuata maji kwenye vitundu, unaiva humo na kuziba. Zima moto, acha chungu kipoe na uji wake ndani, hata kama ni mpaka jioni. Kikiwa baridi kabisa mwaga, suuza, kausha. Kama kilitoka jasho jingi, rudia kesho yake.

Pika kwanza vitu vya wanga na vya kuchemka polepole: makande, maharage, viazi. Samaki na nyama zenye mafuta viache mpaka chungu kimetumika mara kadhaa. Kila mlo huongeza utando mwembamba ndani, na baada ya miezi michache utakuwa na chombo ambacho hakishiki chakula kwa urahisi na kinachotoa ladha yake. Wapishi wengi hutenga chungu cha samaki na chungu cha mboga, na wana haki: udongo hukumbuka harufu.

Kupika

Mambo matatu huvunja chungu jikoni, na yote ni ya haraka: kukiinjika kikiwa kitupu kwenye moto mkali, kumwagia maji baridi chungu kilichopamba moto, na kukiepua ukakikalisha kwenye sakafu ya saruji iliyo baridi. Ukiepuka hayo utakaa nacho muda mrefu. Maji ya kuongeza yawe ya moto. Kinapotoka jikoni kikae juu ya ngata au ubao mkavu.

Chungu hupata joto polepole na huliachia polepole. Kwa hiyo epua mapema kuliko ulivyozoea kwenye sufuria. Maharage yataendelea kuchemka mezani kwa dakika kadhaa, na tui la nazi lililotiwa mwishoni litaiva bila kukatika. Mbaazi za nazi, kisamvu, mlenda, ndizi za Kyela zilizopikwa na samaki wa ziwani: hivi ni vyakula vya moto mpole, na chungu kiliumbwa kwa ajili yake. Usikitumie kukaangia kwa mafuta mengi ya moto mkali. Hiyo ni kazi ya chuma.

Kuna jambo jingine ambalo mpishi wa Pwani atalithamini. Vitu vichachu kama ukwaju, ndimu na nyanya humomonyoa alumini kidogo kidogo, na sufuria zinazosubiwa mitaani kutokana na vyuma chakavu zinaweza kuwa na madini usiyoyataka ndani ya mchuzi, risasi ikiwemo. Udongo uliochomwa bila rangi wala glezi hauna ugomvi na ukwaju. Lakini angalizo hilo linageuka upande wa pili pia: chungu kilichopakwa rangi ya mafuta au vanishi kwa ajili ya watalii kisiingie jikoni kabisa.

Baada ya chakula, tia maji ya uvuguvugu, acha yakae, sugua kwa makumbi au kwa majivu laini, suuza. Kikauke wazi, mdomo juu, mahali penye hewa. Kikifunikwa kikiwa na unyevu kitafanya koga. Koga ikiota, sugua, anika juani siku nzima, kisha chemsha maji ndani yake kabla ya kukitumia.

Mtungi wa maji usiuzibe kwa wanga. Hapo vitundu ndivyo vinavyofanya kazi: maji hupenya mpaka nje ya ukuta, yanakauka kwa upepo, na kila tone linalokauka hubeba joto la yale yaliyobaki. Uweke kivulini mahali penye upepo, juu ya kigoda au mafiga. Dodoma, ambako hewa ni kavu, utakunywa maji baridi kweli. Dar es Salaam, ambako hewa imejaa unyevu, ubaridi utakuwa mdogo, na si kosa la mtungi. Maji yachemshwe kabla ya kutiwa humo, mtungi uwe na kifuniko, na kata ya kuchotea iwe na mpini mrefu ili mkono usiguse maji. Kila wiki umwage maji yote, uusugue kwa makumbi, uuanike. Vitundu vikiziba baada ya miaka na maji yakaacha kupoa, mtungi umemaliza kazi yake hiyo, lakini utafaa kuwekea nafaka.

Chungu na jiko la gesi

Hapa ndipo mustakabali wa kazi hii ulipo. Mkakati wa taifa wa nishati safi ya kupikia, uliozinduliwa Tanzania Mei 2024, unalenga asilimia 80 ya Watanzania wawe wanatumia nishati hiyo ifikapo 2034. Ni lengo jema. Macho na mapafu ya mama zetu yameteseka na moshi vya kutosha. Lakini chungu kilichoumbwa kwa mafiga matatu kikiachwa na mafiga, mwenye kukifinyanga naye ataachwa.

Haina haja iwe hivyo. Chungu hupikika kwenye gesi ukifuata utaratibu wake. Weka kisahani cha chuma au bati nene juu ya jiko ili ndimi za moto zisikipige mahali pamoja. Washa moto mdogo kabisa, ngoja dakika kumi, kisha ongeza kidogo. Hutahitaji moto mkubwa wakati wowote. Chungu cha kitako cha mviringo kinahitaji pete ya chuma ya kukishikilia, na fundi yeyote wa kuchomelea ataikunja kwa kipande cha nondo. Jiko la umeme la sumaku halipashi udongo, usijisumbue.

Bora zaidi ni kuagiza. Mwambie mfinyanzi unataka chungu chenye kitako kilichobonyezwa kiwe bapa kidogo, kona zake zikiwa za mviringo, na mfuniko wake wa udongo uliofinyangwa pamoja nacho ili vinywee sawa na vikae vizuri. Mpe kipimo cha jiko lako kwa kamba au kwa kijiti. Wafinyanzi si watu wa kukariri umbo moja. Kenya, mwanzoni mwa miaka ya 1980, lilipobuniwa jiko la mkaa lenye tumbo la udongo ndani ya bati, kufinyanga matumbo hayo kukawa kazi mpya, na hata leo majiko hayo yamejaa masokoni Afrika Mashariki nzima. Mahitaji mapya ya jikoni yalileta kazi mpya ya udongo. Kinachokosekana Ikombe ni watu wa kuagiza, si mikono.

Nawaomba hasa wenye hoteli na migahawa ya Mbeya, Iringa na Dar es Salaam wanaojitangaza kwa chakula cha asili. Mnapika kwenye alumini kisha mnapakua kwenye chungu ili picha ipendeze. Pikeni humo humo. Mgahawa mmoja unaotumia vyungu kumi kila siku huvunja vya kutosha kwa mwaka kumpa mfinyanzi mmoja oda za uhakika.

Kikivunjika

Kitavunjika siku moja. Mfinyanzi hulia gaeni, husema methali, na ni kweli fundi wa vyungu mara nyingi hulia chakula kwenye kipande ili vizima viende sokoni. Gae kubwa hutumika kukaangia karanga na kahawa, kuchukulia makaa, kunyweshea kuku. Vidogo viweke chini ya udongo wa maua ili maji yapite. Na kama unaishi karibu na mfinyanzi, mrudishie: vitapondwa na kuchanganywa kwenye udongo wa vyungu vijavyo.

Wanaakiolojia husoma historia yetu kwa vipande kama hivyo. Vyungu vya Urewe, vilivyopewa jina la mahali fulani Siaya, vinaonyesha kwamba watu wa kandokando ya Ziwa Viktoria walikuwa wakifinyanga zaidi ya miaka 2,000 iliyopita. Katika magofu ya Pwani, kama Kilwa, wageni hupenda kuoneshwa kauri za Uchina, lakini sehemu kubwa kabisa ya vigae vinavyofukuliwa humo ni vya vyungu vya wenyeji vya kupikia. Mji ulikula kutokana na vyungu hivyo.

Ukitaka kujifunza kufinyanga, omba kufundishwa na ulipe. Kukaa na mama mmoja kutwa nzima ukimpigia picha na kumuuliza maswali ni kumpotezea siku ya kazi. Uliza mapema atatoza kiasi gani, leta sukari au unga kama anavyofanya mgeni yeyote mwenye adabu, na uwe tayari kuanza kwa kuponda udongo.

Na unaponunua, nunua kwa mfinyanzi mwenyewe pale inapowezekana, uliza jina lake na namba ya simu, uihifadhi. Chungu chako cha kwanza kikikuridhisha, mpigie umwagize cha pili, na umtumie nusu ya fedha kabla hajachimba udongo.